UKIFIKA DODOMA, USIKIMBILIE CHIPSI

KWA vijana wengi wa Dar, Dodoma ni mji wa mambo matatu: Bunge, zabibu na vumbi. Mwambie mshikaji kwamba wikiendi hii unakwenda Dodoma, atakuuliza kama una semina, una kesi au una mjomba mbunge. Utakula nini huko, hilo haulizi mtu. Na hata wale wanaokwenda, wakishashuka tu wanaulizia kuku wa kuchoma na chipsi, vitu ambavyo wameviacha Sinza na Kinondoni vimejaa kila kona.

Sasa leo, mpenzi msomaji, tunakwenda Dodoma kwa njia nyingine. Tunakwenda kula majani. Ndiyo, majani, na matunda ya porini, na unga wa tunda ambalo wewe unalijua kwa rangi yake nyekundu ya dukani tu. Usicheke. Kuna watu Ulaya wanalipa pesa nyingi kupata kijiko kimoja cha kitu hicho hicho ambacho bibi yako alikuwa anakichukua bure chini ya mti.

DIRISHANI

Safari yenyewe siku hizi haina kasheshe. Zamani basi lilikuwa linakula siku nzima, ukifika mgongo umekufa ganzi na nguo zina rangi ya udongo. Tangu Julai 2024 treni ya umeme inatoka Dar hadi Dodoma, na ile ya haraka inafika kwa muda usiotimia saa nne. Kama unapenda kusinzia, sinzia mpaka Morogoro. Ila ukishapita Kilosa, treni ikamaliza kuingia na kutoka kwenye mahandaki ya milimani, fumbua macho na ukae upande wa dirisha.

Ukikaribia Gulwe utaona nchi imebadilika. Kijani kinapungua, miiba inaongezeka, halafu wanaanza kujitokeza wazee wenyewe: mibuyu. Mmoja hapa, mitatu kule, minene kama nyumba, matawi yamesimama juu utadhani mizizi. Hiyo ndiyo Ugogo. Ni nchi ambayo mvua yake ni ya msimu mmoja tu, kuanzia Desemba hivi hadi Aprili, na kwa mwaka mzima haifiki sana milimita 600. Miezi inayobaki ni jua na upepo.

Misafara iliyokuwa ikitoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji ilipita humu. Stanley alipita mwaka 1871 akimtafuta Livingstone, na kama wengine wote alilipa hongo kwa watemi wa Kigogo ili apewe njia na maji. Baadhi ya mibuyu unayoiona leo ilikuwa imeshasimama wakati huo, maana mti huu hauna haraka ya kufa. Kule Zimbabwe ulikuwepo mbuyu mmoja, Panke, ambao wataalamu waliupima wakakuta umeishi miaka ipatayo 2,450 kabla haujaanguka mwaka 2011. Piga hesabu mwenyewe: ulichipua kabla ya Yesu kuzaliwa.

SOKONI MAJENGO

Niliingia Dodoma mwezi wa pili, mvua zikiwa zimekolea. Huo ndio mwezi wa kwenda kama unataka mboga mbichi. Nikaweka begi, nikachukua bodaboda mpaka Soko la Majengo.

Ukiingia upande wa mboga, usishangae mchicha na kabichi. Hizo hata Buguruni zipo. Tafuta akina mama waliokaa chini, wenye mafungu madogo madogo ya majani ambayo wewe mtoto wa mjini ungeyaita magugu, na mbele yao sinia la unga wa kijani uliokoza kama tumbaku ya ugoro. Huo unga ni mlenda mkavu. Hapo umefika.

Nikamkaribia mama mmoja wa makamo.

"Mbukwenyi, mama."

"Mbukwa, mwanangu," akajibu akicheka, maana Kigogo changu kiliishia pale pale. "Karibu. Nikupimie mlenda?"

"Huu ni wa namna gani, mama?"

"Huu wa porini. Ule pale wa shambani. Na huu mkavu ni wa mwaka jana, lakini haujaharibika, nusa."

"Tofauti yake ni nini?"

"Utelezi! Wa porini ukiukoroga ukainua mwiko, unavutika mpaka unakufika kwenye kiwiko."

Hapo ndipo nikajifunza kwamba mlenda si mmea mmoja. Ni jina la ukoo. Kila jani lenye utelezi ni mlenda, na ukoo huo una watu wengi. Wamo ndugu wa ufuta wanaoota wenyewe mashambani baada ya mvua. Wamo wa jamii ile ambayo Waluhya wa Kenya wanaiita murere na watu wa Nairobi wanaiita mrenda. Misri wanaila jamii hiyo hiyo kwa jina la mulukhiya, tena ni chakula cha heshima. Na kule India na Bangladesh shina lake linatoa nyuzi za juti zinazofumiwa magunia. Kwa hiyo inawezekana kabisa umewahi kubeba gunia la mlenda mgongoni bila kujua.

Kuupika si kazi. Maji yanachemshwa, unatiwa magadi kidogo, kisha majani au unga wake, unakorogwa kwa upekecho mpaka uvutike. Wengine wanaongeza nyanya na kitunguu, wengine karanga za kusaga. Mafuta si lazima. Chini yake unakaa ugali wa uwele au wa mtama, mweusi kidogo, mzito, wenye harufu ya nafaka kweli. Unakata tonge, unachovya, unazungusha mkono ili kukata uzi, unameza. Kutafuna ni hiari yako.

Mezani pale kwa mama ntilie nyuma ya soko nilikuta madereva wa malori, mafundi ujenzi na vijana wawili wenye vitambulisho vya wizara shingoni. Hao wa vitambulisho walikuwa wamekaa wameelekea ukutani. Mlenda una sifa moja mbaya mjini: watu wanauona ni mboga ya maskini. Mtu yuko radhi aonekane na soda na andazi kuliko kuonekana anavuta uzi wa mlenda. Masista duu ndiyo kabisa, wanaogopa utawachafua.

NANI MWENYEJI, NANI MGENI?

Kabla hatujaendelea, tuwekane sawa kwenye jambo moja. Kuna watu wakisikia chakula cha asili wanataja kisamvu, matembele na ugali wa mahindi. Ndugu yangu, hao wote ni wageni. Mahindi, muhogo, viazi vitamu na karanga vilitoka Amerika, vikavuka bahari baada ya Wareno kuanza kuzunguka pwani zetu miaka ya 1500. Hata mchicha una jamii zake nyingi, na baadhi ya hizo nazo zilitoka huko huko. Mwembe ulitoka Bara Hindi.

Wenyeji hasa ni mtama, uwele, ulezi na kunde. Ni mgagani, ambao Wakenya wanauita saga au sageti. Ni mnavu, unaoitwa mnafu kwa wenzetu wa kaskazini na managu kule Nairobi. Ni ngogwe, zile nyanya chungu ndogo ndogo. Ni mlenda, ni mbuyu, ni mkwaju.

Ndiyo, mkwaju! Kwenye vitabu vya mimea mkwaju umepewa jina linalotaja India, na Waarabu waliuita tende ya Kihindi. Jina limewachanganya watu karne na karne. Asili ya mti huo ni Afrika, India ulipelekwa. Kwa hiyo ukinunua juisi ya ukwaju pale stendi ya Dodoma, unakunywa kitu cha kwenu. Ila usizidishe vikombe kabla ya safari ndefu ya basi. Mkwaju unafungua tumbo, na dereva hasimami kila kichaka.

KONGWA WALIKOTAKA KARANGA

Siku ya pili nikapanda basi la Kongwa. Unatoka kwenye barabara kuu njia panda ya Mbande, unaingia kulia kama unatokea Dodoma, na mbele yako kunafunguka nchi tambarare mpaka milimani. Hapa kuna hadithi ambayo kila kijana anayedharau mboga za porini inafaa aisikie.

Mwaka 1947, vita vya pili vya dunia vikiwa vimekwisha na Waingereza wana upungufu wa mafuta ya kula, Serikali yao iliamua kulima karanga Tanganyika. Kongwa pakachaguliwa. Zikaletwa trekta, katapila, mpaka vifaru vya vita vilivyogeuzwa kuwa mashine za kufyeka. Vichaka vikang'olewa, mibuyu ikasukumwa. Mvua ikagoma. Udongo wenye mfinyanzi ulipokauka ukawa mgumu kama saruji, na karanga zilizokuwa ndani hazikutoka. Mwanzoni mwa 1951 mradi ukafungwa, na hasara iliyoandikwa vitabuni ilikuwa pauni milioni 36 na ushee, pesa za wakati ule!

Wakati mashine zinakwama, mlenda ulikuwa unaota. Haukupandwa na mtu, haukuwekwa mbolea, haukuandikiwa ripoti. Mvua kidogo tu ilimwagika, wenyewe ukatokeza kando ya matuta. Mmea ambao umekaa mahali maelfu ya miaka umeshajua mwenye nyumba anataka nini.

MTI USIOFAA MKAA

Turudi kwenye mbuyu, maana Dodoma bila mbuyu haisimuliki. Wahenga wamesema mbuyu ulianza kama mchicha, na ukiuona mche wake ukiwa na majani mawili matatu, unaweza kweli kuupita ukidhani ni mboga. Na ni mboga! Majani machanga ya mbuyu yanapikwa kama mlenda, na yakikaushwa na kutwangwa yanakaa mwaka mzima.

Maua yake meupe, makubwa kama kiganja, yanafunguka jioni na kunukia usiku, na popo ndio wanaoyatembelea na kusambaza chavua. Kwa hiyo wewe unayemtupia popo mawe, ujue unapunguza ubuyu. Tunda likikomaa linakuwa na ganda gumu lenye manyoya laini. Ndani kuna unga mweupe mchachu ulioshikana na mbegu. Gamba la shina linatoa nyuzi za kamba, na kwa kuwa linaota tena, mti haufi. Mbegu zinatoa mafuta ya kupikia na ya kupaka. Mbao zake ni laini kama sifongo, zimejaa maji. Hazifai ubao, hazifai mkaa, na hiyo ndiyo bahati yake: wachoma mkaa wamemaliza migunga, mbuyu wakauacha umesimama.

Lakini ubuyu uliouzoea wewe ni ule wa Zanzibar, mbegu zilizopakwa sukari na rangi, na iliki au pilipili kidogo, zinauzwa kwenye vifuko na wanafunzi wanazimung'unya mpaka ulimi unakuwa mwekundu. Mtamu, sikatai. Ila pale unakula sukari nyingi na rangi, ubuyu wenyewe umebaki kama picha. Ule mweupe wa Dodoma haujaguswa. Uzito kwa uzito, vitamini C yake inaizidi ya chungwa mara kadhaa, ingawa tuseme ukweli, chungwa limejaa maji na ubuyu ni mkavu, na hakuna mtu anayekula ubuyu gramu 100 kwa mkupuo. Vijiko viwili kwenye glasi vinakutosha.

Na hapa nikupe siri ya jikoni. Watu wengi wanauchemsha ubuyu kutengeneza juisi. Moto unaiua vitamini C. Loweka kwenye maji ya uvuguvugu, acha nusu saa, pekecha kwa mkono, chuja, tia asali au sukari kidogo, weka kwenye friji. Basi. Ukitaka barafu za kuuza mtaani, juisi hiyo hiyo itie kwenye vifungashio, igandishe. Kuna vijana Dodoma wanaendesha maisha kwa hilo.

Huko nje mambo yameshakuwa makubwa. Mwaka 2008 Umoja wa Ulaya uliruhusu rasmi unga wa ubuyu uuzwe katika nchi zake, na ukauweka kwenye kundi la "vyakula vipya". Vipya! Bibi zetu wasikie hilo. Mwaka uliofuata, 2009, njia ikafunguka Marekani nako. Leo unauzwa kwenye makopo mazuri, unatiwa kwenye juisi nzito, biskuti na vipodozi. Swali ni nani anayekula faida. Mama anayeokota ubuyu kijijini anauza kwa gunia. Anayesaga na kufungasha anauza kwa gramu. Kati ya gunia na gramu ndipo pesa ilipojificha, na kijana mwenye kinu, chekeche na kifungashio safi anaweza kuifuata hapo.

Mng'ongo nao una hadithi kama hiyo. Mti huu unaota nchi kavu zetu zote, Dodoma ikiwemo, na matunda yake ya njano yanadondoka yenyewe yakiiva. Usiyachanganye na yale maembe ng'ong'o yanayouzwa na chumvi na pilipili nje ya shule, hayo ni mti mwingine uliotoka visiwa vya Pasifiki. Tunda la mng'ongo wenzetu wa Afrika Kusini wanaliita marula, na tangu 1989 wanatengeneza ile pombe ya maziwa maziwa, Amarula, inayopangwa nyuma ya kaunta za baa za Masaki. Hapa kwetu matunda yanaozea chini, halafu tunaagiza chupa. Na ile hadithi ya tembo kulewa kwa kula marula ni porojo. Mwaka 2006 wanasayansi walipiga hesabu wakaona tembo angehitaji kula kupita uwezo wa tumbo lake ndipo achangamke.

KIBOKO CHA NJAA

Haya yote yanaweza kuonekana mambo ya kujifurahisha tu. Lakini Ugogo wana kumbukumbu nzito. Mwisho wa vita vya kwanza vya dunia, majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza yalipita humu kwa zamu, yakachukua ng'ombe, nafaka na vijana wa kubeba mizigo. Ukafuata ukame. Njaa iliyotokea, kati ya 1917 na 1920, Wagogo waliipa jina la Mtunya. Wanahistoria wanakadiria kwamba watu 30,000 walikufa kati ya wakazi 150,000. Yaani mmoja katika kila watano.

Kwa nchi yenye historia hiyo, kulijua pori ni bima. Mahindi yakikauka, kuna mtu anajua jani gani linalika, mzizi gani unahitaji kulowekwa siku kadhaa ndipo sumu itoke, tunda gani linavumilia. Kule kusini, Mtwara na Lindi, ming'oko inachimbwa, inachemshwa na kuuzwa barabarani kama vitafunio. Lakini porini hukohuko kuna ndiga, jamaa yake, ambayo ukiila bila kuikata vipande na kuiloweka kwenye maji yanayopita kwa siku kadhaa, itakupeleka kaburini. Tofauti kati ya chakula na sumu iko kichwani mwa mtu, na mtu huyo mara nyingi ni mwanamke mzee asiyeandika.

Ndiyo maana mazungumzo niliyoyasikia pale Majengo hayanitoki. Yule mama wa mlenda alikuwa na binti yake, mwanafunzi wa chuo, amesuka vizuri, simu mkononi, yuko likizo anamsaidia mama kupima.

"Huyu anajua kompyuta," mama akaniambia, "lakini mtume porini akuletee mlenda, atakuletea magugu ya mbuzi."

"Mama naye!" binti akaruka. "Siku hizi nani anakwenda porini? Halafu pori lenyewe liko wapi? Pale tulipokuwa tunachuma si wamepima viwanja?"

Mama akanyamaza kidogo, akapanga mafungu yake upya.

"Ndiyo maana nataka ujue sasa," akasema. "Likibaki kidogo, ujue cha kutafuta."

Wote wawili walikuwa wamesema kweli. Dodoma ilitangazwa kuwa makao makuu mwaka 1973, lakini kwa miaka 40 na zaidi ililala. Serikali ilipoanza kuhamia kweli mwaka 2016, mji ukaamka kwa kishindo, na mwaka 2018 ukawa jiji. Sensa ya 2012 ilihesabu watu kama 410,000 hapa, ile ya 2022 ikakuta zaidi ya 760,000. Watu hao wanahitaji nyumba, barabara na ofisi, na hakuna wa kuwalaumu. Lakini kila kiwanja kilikuwa na kitu kabla ya kuwa kiwanja.

Mbuyu mkubwa ukikatwa, hakuna wa kuurudisha katika maisha yako wala ya mtoto wako. Mti uliopandwa kwa mbegu unaweza kuchukua miaka 15, 20 au zaidi kabla ya kuzaa mara ya kwanza. Na miche inayojiotea, mbuzi wanaitafuna ikiwa bado laini, ndiyo maana unaona wazee wengi na watoto wachache. Kusini mwa Afrika, utafiti uliotolewa 2018 ulionyesha kwamba katika mibuyu 13 mikongwe kuliko yote, 9 ilikuwa imekufa au sehemu zake kuporomoka tangu 2005. Wanasayansi wanashuku joto na ukame vinahusika. Bongo tuna usemi wa kuzunguka mbuyu, maana yake kutoa kitu kidogo. Nadhani umefika wakati wa kuuzunguka mbuyu kwa maana nyingine: ukinunua kiwanja chenye mbuyu, mwambie mchoraji ramani auzunguke.

Habari njema zipo. Pale Tengeru, Arusha, kituo cha kimataifa cha utafiti wa mboga kimekuwepo tangu 1992, na kazi yake kubwa ni hizi hizi tunazozidharau: mnavu, mgagani, ngogwe, mchicha. Wanakusanya mbegu, wanazichagua, wanazirudisha kwa wakulima. Wakenya wametutangulia kwenye soko. Watafiti wao kama Profesa Mary Abukutsa-Onyango wa Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta wametumia miaka mingi kuonyesha ubora wa mboga hizi, na leo managu na saga zinauzwa kwenye supamaketi za Nairobi zikiwa zimefungwa vizuri, wenye magari wanashindania. Mboga ni ile ile. Kilichobadilika ni jicho la mlaji.

KABLA HUJAPANDA TRENI

Haya, msomaji, kama nimekutamanisha, chukua haya machache.

Mboga mbichi za porini nenda Januari hadi Machi. Ubuyu mpya unaangushwa wakati wa kiangazi, kuanzia Juni hivi, lakini sokoni upo mwaka mzima. Nunua ule ambao bado umeshika mbegu, wenye rangi ya maziwa. Ukiwa umegeuka kahawia, umekaa sana au umepata unyevu.

Mlenda mkavu ni zawadi nyepesi kuliko zote. Muulize muuzaji uliko kaushwa. Uliokaushwa kivulini unabaki na rangi na vitamini A zaidi kuliko ulioanikwa juani. Ukifika nyumbani uweke kwenye chupa kavu yenye kifuniko. Magadi tia kidogo tu, yakizidi yanakula vitamini.

Usichume usichokijua. Mnavu ukiwa mbichi na vitunda vyake vya kijani si mchezo, na mboga inayoota kando ya mtaro wa maji machafu haina uasili wowote, iwe Dodoma au bonde la Msimbazi. Nunua kwa anayejua, na umuulize maswali. Wanapenda kuulizwa.

Na kama una bibi, mama mkubwa au shangazi kijijini, usingoje kwenda Dodoma. Likizo ijayo mfuate shambani baada ya mvua ya kwanza, chukua daftari au simu yako, kila jani analochuma lipige picha na uandike jina analoliita, linavyopikwa na lipi halipaswi kuguswa. Kazi ya asubuhi mbili tatu. Zile picha za kujipiga kwenye kioo zitasubiri.

Mlenda siku ya kwanza utakushinda, siku ya pili utauzoea, siku ya tatu utauliza kama umebaki. Safari njema, na ukifika Majengo, msalimie mama kwa Kigogo. Atakuongezea kipimo.